Msamaha ule haukuamriwa na mtu

Ndugu Mhariri,

Ninaomba nafasi katika safu yenu ya barua ili niseme neno juu ya kisa ambacho siku hizi kinahubiriwa sana hapa Bukavu, mashariki mwa Kongo, yaani kile cha wanajeshi wawili wa anga wa Vita Kuu ya Pili, Mmarekani Jacob DeShazer na Mjapani Mitsuo Fuchida, walioanza wakiwa maadui wakaishia kuitana ndugu katika Kristo. Mwezi uliopita nilikisikia matangani, katika mtaa wetu wa Kadutu. Mhubiri alikisimulia kwa dakika tano hivi, kisha akawageukia wajane waliokuwa wameketi mkekani, akawaambia kwamba ikiwa watu wale walisameheana, basi wao nao wasamehe siku hiyohiyo, wanyamaze, wala wasiyarudie tena yaliyopita. Mama mmoja muuza sambaza, wale dagaa wa Ziwa Kivu, ambaye mume wake hajarudi nyumbani tangu vita vilipotufikia, aliniinamia akaniuliza kwa sauti ya chini: "Mwalimu, nimsamehe nani? Jina lake silijui."

Kisa hicho nimekifundisha darasani miaka mingi, na ninakipenda. Ndiyo maana iliniuma kuona kinageuzwa kuwa kifuniko cha chungu ambacho bado kinachemka.

Tarehe 18 Aprili 1942, miezi minne na siku chache baada ya Wajapani kuishambulia Pearl Harbor, kituo cha manowari za Marekani huko Hawaii, ndege 16 za Marekani zenye watu 80 ziliruka kutoka kwenye manowari Hornet, zikiongozwa na James Doolittle, kwenda kuipiga Japani. DeShazer alikuwa katika ndege ya mwisho, kazi yake kudondosha mabomu, na mabomu yake yaliuangukia mji wa Nagoya. Mafuta yalipokwisha, yeye na wenzake waliruka kwa miavuli, wakatua katika sehemu ya China iliyokuwa mikononi mwa Wajapani, wakakamatwa. Wafungwa wanane wa shambulio lile walibaki mikononi mwa adui. Watatu walipigwa risasi mwezi Oktoba mwaka huohuo, na mmoja alikufa kifungoni akiwa amedhoofika kwa njaa na maradhi. DeShazer alikaa kifungoni miezi 40, na katika hiyo 34 aliimaliza peke yake chumbani. Baadaye alieleza mwenyewe kwamba chuki yake kwa Wajapani ilikaribia kumtia wazimu.

Mwezi Mei 1944 walinzi walimpa Biblia kwa muda wa majuma matatu tu. Aliisoma usiku na mchana kwa mwanga hafifu, akaweka aya moyoni kwa sababu alijua itachukuliwa, na tarehe 8 Juni alimkiri Kristo mle ndani bila mchungaji wala shahidi. Kilichofuata ndicho wahubiri wetu wanachokiruka, nami ningependa wakitulie kidogo. Siku moja mlinzi mmoja alimsukuma chumbani kwa haraka, akaufunga mlango kwa kishindo ukambana mguu, kisha akaupiga teke mguu ule mtupu kwa kiatu chake chenye misumari. DeShazer aliingia akiugulia maumivu na hasira, akakumbuka alivyosoma, "Wapendeni adui zenu." Asubuhi iliyofuata alimwamkia mlinzi yule kwa Kijapani, kwa upole. Mlinzi alimtazama kama mtu aliyerukwa na akili. Asubuhi nyingine akamwamkia tena, na nyingine tena, mpaka siku moja mlinzi akasogea mlangoni wakazungumza, na baadaye akampitishia kiazi kitamu kilichochemshwa. Kwa mtu aliyekonda vile, kiazi kimoja si jambo dogo. Sisi tuliowahi kulala bila kula tunajua uzito wake.

Sasa ninawauliza wasomaji: ni nani aliyemwamuru DeShazer asamehe? Hakuna. Katika chumba kile hapakuwa na mtu mwenye tumbo lililoshiba aliyesimama mbele yake na kumhimiza afanye haraka. Tena kusamehe hakukumfunga mdomo, kwa kuwa alipoachiliwa mwezi Agosti 1945 aliandika kijitabu akaeleza njaa, vipigo na vifo vya wenzake, na kijitabu hicho kiligawiwa Japani kwenyewe. Wala haki haikusimamishwa kwa ajili ya msamaha wake, maana mwaka 1946 mahakama ya kijeshi ya Marekani iliketi Shanghai, ikawatia hatiani maofisa wanne wa Kijapani kwa yale waliyotendewa wafungwa wale. Ukweli ulisemwa, hukumu ikatolewa, na bado mwishoni mwa mwaka 1948 DeShazer alirudi Japani na mkewe, si kwa ndege ya mabomu bali kwa Injili, akahudumu huko miaka 30. Mwaka 1959 alianzisha kanisa Nagoya, mji uleule alioupiga.

Fuchida naye ndiye aliyeongoza ndege zilizoshambulia Pearl Harbor tarehe 7 Desemba 1941. Baada ya vita alikuwa na uchungu wa aliyeshindwa. Mahakama za uhalifu wa kivita zilipokuwa zikiendelea aliwatafuta Wajapani waliorudi kutoka vifungo vya Marekani, apate ushahidi kwamba washindi nao walitesa, jambo ambalo sisi wa Kivu tunalifahamu vizuri, maana kila upande hapa una daftari la makosa ya mwenzake. Badala ya ushahidi huo akasimuliwa habari za Peggy Covell, binti wa wamisionari waliouawa na askari wa Kijapani katika kisiwa cha Panay, Ufilipino, mwaka 1943, ambaye hata hivyo alikwenda kuwahudumia wafungwa wa Kijapani huko Marekani. Fuchida hakuelewa. Mwaka 1948, katika stesheni ya Shibuya mjini Tokyo, akapokea kile kijitabu cha DeShazer, kisha akanunua Biblia, na alipofikia Luka 23:34, "Baba, uwasamehe, kwa kuwa hawajui watendalo," akaelewa binti yule alichota wapi. Mwaka 1950 alikutana na DeShazer uso kwa uso, na tangu hapo akawa mhubiri mpaka alipofariki mwaka 1976.

Yuko na wa tatu, Louis Zamperini, mwanajeshi wa anga wa Marekani aliyeteswa katika kambi za Japani. Alirudi Japani mwaka 1950, akawakumbatia walinzi wake wa zamani waliokuwa wamefungwa katika gereza la Sugamo, Tokyo. Aliyemtesa kuliko wote hakuwemo, na hata Zamperini alipotaka kuonana naye mwaka 1998, mtu yule alikataa.

Na wapo ambao sijawahi kusikia wakitajwa katika mahubiri hata mara moja, nao ni wanakijiji wa China waliowaficha na kuwalisha wanajeshi wa Doolittle. Jeshi la Japani liliwalipiza kisasi katika majimbo ya Zhejiang na Jiangxi, likaua raia maelfu kwa maelfu na kuteketeza vijiji vyao. Tunapokisimulia kisa hiki hapa Bukavu inatupasa kuanza na hao, kwa sababu sisi si marubani katika kisa hiki. Sisi ndio wanakijiji.

Ninawasihi basi watumishi wa Mungu, kwa heshima yote, wakisimulie chote au wakiache. Na kabla ya kumwambia mjane asamehe, wamwachie nafasi aeleze lililompata, kwa jina la mumewe, kwa siku na kwa mahali, huku wao wakisikiliza mpaka amalize. Neno "nimesamehe" ni lake. Hakuna awezaye kulitamka kwa niaba yake, iwe mimbarini, iwe mezani pa mazungumzo ya amani.

Jumamosi nilimfuata mama yule sokoni Kadutu, nikamweleza habari za Peggy Covell, kwamba yeye pia aliuliwa wazazi wake vitani. Alisikiliza huku akipima sambaza kwa kikombe, kisha akaniuliza:

"Alisamehe siku ileile?"

"Hapana, mama. Alichukia kwanza."

"Na hakuna aliyemkataza?"

"Hakuna."

"Basi na mimi mniache kwanza, Mwalimu," akasema, akamgeukia mteja.

Wasalaam,
Mwalimu mstaafu,
Kadutu, Bukavu