Barua kwa vijana wa Lamu wanaotaka kutungia runinga ya watoto

Wanangu wa Mkomani na Langoni, na wenzenu wa Shela na Matondoni,

Assalaam aleikum. Wengi wenu mna kompyuta na kinanda kidogo, na mnatamani kutunga muziki wa vipindi vya watoto. Ni kazi ya heshima, na milango ipo: shirika la Ubongo la Dar es Salaam linatengeneza katuni zenye nyimbo tangu 2014, na Kenya ina kituo cha watoto, Akili Kids, tangu 2020. Lakini nyimbo nyingi za majaribio zina ila moja kubwa: zimetungwa kwa koo la mtu mzima.

Mtoto wa miaka 4 hadi 6 huimba kwa raha kati ya D iliyo juu ya C ya kati na A inayoifuata, yaani noti tano tu. Mwanamume akijipimia mwenyewe, kiitikio humshinda mtoto, naye huacha kuimba akabaki kupiga kelele. Pumzi yake nayo ni fupi. Kipande cha mizani 8, yaani silabi 8, kile cha utendi, kinamtosha: kwa mapigo 100 kwa dakika, silabi mbili kila pigo, huchukua sekunde 2.4. Mkimpa mizani 16 bila pa kuvutia pumzi, atakatikia katikati ya neno.

Kisha mkazo. Pigo zito na liangukie silabi ya pili kutoka mwisho wa neno. Ubeti wa kwanza kwa kawaida husalimika. Wa pili ndio huharibika. Mliimba "kisima", mkazo uko kwenye "si". Mkileta "kisimani" mahali pale pale, mkazo umehamia "ma" na lahani, yaani tuni ya wimbo, haiingii tena. Badilini maneno, msiilazimishe lahani. Nyinyi mmelelewa na tenzi; hapa hamna udhuru.

Wimbo wa kufungulia kipindi mara nyingi hupewa sekunde 30. Kwa mapigo 120 kwa dakika mtapata mapigo 60, yaani baa 15 za mapigo manne manne, na ubeti wa baa 16 hautatimia. Kwa 128 zinaenea barabara, ila sauti ya mwisho haina nafasi ya kufifia. Wekeni 132: baa 16 zinakwisha kwenye sekunde 29.1, na kwa kuwa video hupita kwa picha 25 kwa sekunde, mnabakiwa na picha kama 22 za kumalizia.

Chini ya mazungumzo, nyamazeni zaidi ya mnavyodhani. Zumari hugombana na sauti ya mhusika, maneno yakapotea. Liwekeni kwenye mapengo, udi ubaki chini. Msondo, ile ngoma ya sauti nzito, mnaousikia vizuri kwenye spika kubwa hupotea kwenye runinga ndogo ya sebuleni, kwa hiyo uongezeeni makofi. Midundo ya vugo na kirumbizi, ngoma zetu za Lamu, inawafaa watoto sana. Lahani za kasida ziacheni mahali pake.

Kurekodi, nyumba ya mawe hurudisha mwangwi: tundikeni mablanketi, na msubiri punda watulie. Mafaili ya sauti yawe ya ubora wa 48 kHz, biti 24. Sauti za waimbaji, ngoma na ala nyingine zitoeni kila moja peke yake, maana kipindi kikitiwa lugha nyingine, bila hivyo wimbo wote hurudiwa. Ulizeni kituo kiwango chake cha ukubwa wa sauti kabla ya kumaliza kazi.

Sasa mkataba, na hapa nawasihi. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inasema kazi iliyoagizwa huhesabiwa kuwa hakimiliki yake imehamia kwa aliyeiagiza, isipokuwa mmekubaliana vingine. Hakimiliki hiyo hudumu maisha ya mtunzi na miaka 50 baada ya kufa kwake, kwa hiyo ni haki ya watoto wenu pia. Ikiwa mnataka kubaki nayo, au kubaki na mirabaha, yaani malipo ya mtunzi kila wimbo unaporushwa hewani, iandikwe kabla ya noti ya kwanza. Kila kipindi kikitoka, dai orodha ya muziki uliotumika: jina la wimbo, mtunzi, sekunde ngapi, umeimbwa au umepita chini ya maneno. Bila orodha hiyo chama cha kukusanya mirabaha hakina cha kuwalipia. Mkiletewa karatasi ya kutia saini, ichukueni nyumbani, muisome na mtu anayejua sheria, ndipo mrudi.

Mzee wenu,
Langoni, Lamu