Barua ya wazi kwa vijana wa diplomasia: msiandike “China inataka” bila kutaja mwaka

Wanangu mnaosoma diplomasia Kurasini, Mlimani, Nairobi na kwingineko,

Salamu nyingi kwenu nyote. Ninawaandikia kwa sababu ya sentensi moja ambayo imezoeleka mno katika insha zenu, magazetini, hata katika taarifa wanazosomewa wakubwa: “China inataka…” Inataka tangu lini? Nani kasema, na kwa neno gani? China iliyotia saini mkataba na Stalin wa Urusi ya Kisovieti Februari 1950 siyo iliyompokea Rais Nixon wa Marekani Februari 1972, na hizo mbili siyo ile iliyofungua kambi ya kijeshi Djibouti mwaka 2017. Anayezichanganya atakosea hata akiwa na nia njema.

Mwaka 1950 Beijing ilikuwa na serikali changa, na kiti chake Umoja wa Mataifa kilikaliwa na serikali ya Chiang Kai-shek iliyokimbilia Taiwan. Ikaegemea Moscow kwa mkataba wa miaka 30, na Oktoba mwaka huohuo askari wake wakavuka mto Yalu kuingia vita vya Korea. Lakini kuegemea huko hakukuizuia kutafuta majirani. Kanuni Tano za Kuishi Pamoja kwa Amani, mnazozikuta katika kila hotuba hadi leo, zinakaririwa na wengi bila kujua zilikoandikwa: ni utangulizi wa mkataba wa China na India wa tarehe 29 Aprili 1954, uliohusu biashara na safari kati ya India na Tibet. Zinataja kuheshimiana mamlaka na mipaka, kutoshambuliana, kutoingiliana mambo ya ndani, usawa na manufaa ya pande zote, na kuishi pamoja kwa amani. Mkataba ulikuwa wa miaka 8. Muda wake ukaisha Juni 1962 bila kuhuishwa, na Oktoba nchi hizo mbili zikapigana mpakani. Kwa hiyo mkipewa hati, kabla ya kusifia utangulizi wake, fungueni ukurasa wa mwisho mtazame inaisha lini.

Mwaka 1960 Urusi ya Kisovieti iliwaondoa wataalamu wake China, viwanda vikabaki nusunusu. Jeraha hilo linaonekana katika kanuni nane za misaada alizozitangaza Waziri Mkuu Zhou Enlai huko Accra Januari 1964: mikopo isiyo na riba au yenye riba ndogo, muda wa kulipa kuongezwa mkopaji akielemewa, na wataalamu wa Kichina kuishi kama wenzao wa nchi wanayoisaidia, bila upendeleo. Kwa maoni yangu, hapo China ilikuwa inaandika kinyume cha yaliyoipata yenyewe.

Sasa angalieni mwaka 1967. Mapinduzi ya Utamaduni, ile kampeni ya Mao ya kuwasaka “wasaliti” wa mapinduzi, yalikuwa yamepamba moto. Mabalozi wote wa China walikuwa wameitwa nyumbani isipokuwa Huang Hua wa Cairo. Tarehe 22 Agosti umati ukaichoma ofisi ya ubalozi wa Uingereza mjini Beijing. Wiki mbili baadaye, tarehe 5 Septemba, katika mji huohuo, Tanzania na Zambia zikatia saini makubaliano ya kujengewa reli. Huwezi kueleza mambo hayo mawili kwa neno moja, liwe “urafiki” au liwe “itikadi kali”. China ilikuwa imekosana na Moscow na Washington kwa wakati mmoja, na mlango uliobaki wazi ulikuwa wa nchi zetu. Ndiyo maana mlango huo haukuguswa hata wizara ilipokuwa inatikisika.

Masharti ya reli hiyo, TAZARA, myajue kwa tarakimu. Mkopo ulikuwa yuan milioni 988, bila riba, wa kulipwa kwa miaka 30. Urefu wa njia ni kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi. Upana wa reli ni milimita 1,067, ili iungane na mtandao wa kusini mwa Afrika, ingawa China kwao hutumia 1,435. Gharama za ndani, pamoja na mishahara ya vibarua, zililipwa kwa sehemu kubwa kwa kuuza bidhaa za Kichina katika maduka ya Tanzania na Zambia. Yaani mkopo uliingia dukani ukiwa vitenge na vyombo vya nyumbani kabla haujawa mataruma. Na msidanganyike na usemi kwamba reli ilinunua kura ya Umoja wa Mataifa ya Oktoba 1971. Azimio 2758, lililoirudishia Beijing kiti chake, lilipita tarehe 25 Oktoba kwa kura 76 dhidi ya 35, nchi 17 zikijizuia. Kura 26 zilitoka Afrika. Lakini Tanganyika iliitambua Beijing tangu Desemba 1961, karibu miaka sita kabla ya makubaliano ya reli.

Ninapowaomba mkae zaidi ni kwenye kitenzi. Machi 1969 askari wa China na wa Urusi walifyatuliana risasi kwenye kisiwa cha Zhenbao, mto Ussuri. Hofu ya kaskazini ndiyo iliyoleta safari ya siri ya Kissinger, mshauri wa Nixon, huko Beijing Julai 1971, kisha ya Nixon. Katika tamko la pamoja la Shanghai la 28 Februari 1972, Marekani haikusema Taiwan ni ya China. Ilisema inafahamu kuwa Wachina wa pande zote mbili za Mlango Bahari wanashikilia kwamba China ni moja, na kwamba yenyewe haiupingi msimamo huo. Nakala ya Kichina ikatumia renshi dao, maana yake kufahamu. Lilipokuja tamko la kuanzisha uhusiano wa kibalozi tarehe 1 Januari 1979, Kiingereza kilibaki na kitenzi kilekile kuhusu Taiwan, lakini Kichina kikabadilika kuwa chengren, ambacho ni kizito zaidi: kukubali, kukiri. Kila upande ukarudi nyumbani na maneno yake.

Kiswahili chetu kina mtego hapo. “Kutambua” hubeba maana zote mbili, ya kufahamu kwamba fulani anasema hivi na ya kuipa jambo hadhi ya kisheria. Ndiyo maana taarifa zetu za habari huandika “Marekani inatambua Taiwan kuwa sehemu ya China”, na msomaji akapotoka. Andikeni “inafahamu msimamo wa China”, kisha “inaitambua” mbakishe kwa serikali ya Beijing, ambayo kweli ilitambuliwa kuwa serikali pekee halali. Hivyohivyo, “kanuni ya China moja” ni kauli ya Beijing, na “sera ya China moja” ni kauli ya Washington. Si maneno pacha. Serikali zetu husaini kanuni, na tamko la mkutano wa China na Afrika wa Septemba 2024 linaunga mkono “juhudi zote” za China za kuungana tena na Taiwan. Zote. Neno “za amani” halikuwekwa hapo, na mwandishi wa hotuba ya waziri anapaswa kujua kwamba anachonukuu kina uzito huo.

Ya Deng Xiaoping, aliyeiongoza China baada ya Mao, nitayapitia haraka, maana mnafundishwa vizuri. Desemba 1978 uchumi ukatangulizwa. Vita vya China na Vietnam vya mwaka 1979 vilikuwa vifupi. Mwaka 1982 chama kikatangaza sera huru isiyofungamana na kambi yoyote. Baada ya mauaji ya waandamanaji mjini Beijing Juni 1989 na vikwazo vya Magharibi, ushauri ukawa kuficha makali na kusubiri wakati. Jambo moja la kipindi hicho linatuhusu hasa: tangu 1991 waziri wa mambo ya nje wa China huanza mwaka kwa ziara ya Afrika. Desturi hiyo ilizaliwa China ilipokuwa imetengwa na inahesabu marafiki. Kura za turufu mbili pekee ilizopiga katika Baraza la Usalama miaka ya tisini, ya Guatemala mwaka 1997 na ya Makedonia mwaka 1999, zote zilizihusu nchi zilizokuwa na uhusiano na Taiwan. Ukitaka kujua kipi hakijasogea tangu 1949, ni msimamo juu ya Taiwan.

Kilichosogea ni kutoingilia. Wachina na mali zao walipoenea duniani, maneno ya Kanuni Tano za 1954 yakaanza kubana. Desemba 2008 manowari zake zilifunga safari ya kuja Ghuba ya Aden kulinda meli dhidi ya maharamia. Mwaka 2011 iliwaondoa Libya raia wake zaidi ya 35,000. Machi mwaka huo ilijizuia katika Azimio namba 1973 la Baraza la Usalama lililofungua njia ya mashambulizi ya NATO huko Libya, na Oktoba ikapiga turufu kuhusu Syria. Xi Jinping, kiongozi wa China tangu 2012, alikuta mzigo huo ukingoja. Tangu Oktoba 2013 amehimiza kujituma na kufanikisha badala ya kujificha, na mpango wa Ukanda Mmoja, Njia Moja, wa kujenga reli, barabara na bandari nje ya China, ulitangazwa mwaka huohuo, Septemba huko Astana na Oktoba huko Jakarta.

Nani huamua? Hapa ndipo ujumbe wetu mwingi hupoteza safari. Wizara ya Mambo ya Nje siyo kilele. Juu yake kuna Kamisheni Kuu ya Mambo ya Nje ya chama, iliyopandishwa hadhi mwaka 2018 na kuongozwa na Xi mwenyewe. Chama kina pia idara yake ya uhusiano wa kimataifa, ambayo huzungumza na vyama tawala vyetu. Misaada ina shirika lake tangu 2018. Mikopo mikubwa iko kwa benki ya Exim ya China na Benki ya Maendeleo ya China. Waziri wetu akienda kumlilia balozi kuhusu deni, atapewa chai na maneno mazuri, lakini aliyeshika mkataba ni benki. Na maneno makali ya msemaji mtandaoni msiyachukue kuwa sera mpaka myaone katika hati.

Wekeni mikataba miwili mezani. Wa TAZARA mnaujua. Reli ya Mombasa hadi Nairobi ilikopewa Exim Mei 2014 kwa mikopo miwili: mmoja wa masharti nafuu kwa riba ya 2%, mwingine wa kibiashara wa dola bilioni 1.6 kwa riba ya LIBOR (kiwango cha riba cha soko la London) kuongeza 3.6%, wa miaka 15, mitano ya kwanza bila kulipa, na mgogoro wowote kuamuliwa na wasuluhishi wa Beijing. Riba inayopanda na soko ndiyo iliyouma LIBOR ilipopanda. Na TAZARA yenyewe, hati ya makubaliano iliyosainiwa Beijing tarehe 4 Septemba 2024 mbele ya marais watatu haizungumzii tena mkopo wa serikali usio na riba. Inazungumzia kuifufua kwa njia ya kampuni itakayoiendesha. Reli ni ileile, lakini aliye upande wa pili wa meza amebadilika.

Mkutano ujao wa Jukwaa la Ushirikiano kati ya China na Afrika umepangwa kufanyika Jamhuri ya Kongo mwaka 2027. Kabla haujafika, kila mmoja wenu achukue ahadi za 2018, 2021 na 2024 azipange ubavu kwa ubavu. Mtaona dola bilioni 60, kisha 40, kisha yuan bilioni 360, karibu dola bilioni 50. Sarafu imebadilika, na mkopaji wa yuan hulipa kwa yuan. Kisha zigawanyeni hizo 360: 210 ni mikopo, 80 ni misaada ya aina mbalimbali, na 70 ni uwekezaji wa kampuni, ambao kampuni zitauleta tu zikiona faida. Mkiandika taarifa ya waziri, hizo tatu ziwe mistari mitatu tofauti, kila mmoja na jina la atakayetoa fedha.

Mzee wenu,
Dar es Salaam