Mume wa Bibi

Mikindani, Mtwara
Februari

Shoga yangu Rehema,

Mimi ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yako wewe uliye mbali na upeo wa macho yangu. (Nimeiandika vile vile tulivyofundishwa, usicheke.) Baada ya salamu, lengo la barua hii ni umbea. Naandika kwa mkono kwa sababu simu ya hapa nyumbani ni ya mama mkubwa, na ujumbe ukiingia anausoma kwa sauti huku anageuza vitumbua, hata kama si wake. Barua anakuja nayo kijana wa jirani anayesafiri kuja huko Moro keshokutwa. Nimeibana kwa gundi. Ukikuta imefunguliwa, niambie.

Najua dada yako ameshakwambia kwamba nimepata mchumba Mtwara. Nusu ya habari ni kweli, nusu imeongezwa njiani, pengine pale Nangurukuru mabasi yanaposimama watu wale. Sasa sikia kwangu.

Nilipofika, embe zilikuwa zimejaa na mvua ndiyo zinaanza. Mikindani ni mji mdogo, mzee, umejikunja pembeni ya ghuba. Nyumba za mawe nyingine zimebaki kuta tu, zimeota miti ndani. Juu kuna boma la Wajerumani la 1895, sasa ni hoteli, na wageni wanashuka kupiga picha nyumba yenye kibao cha Livingstone, kwa kuwa alianzia hapa safari yake ya mwisho mwaka 1866. Bibi hampendi huyo Livingstone. Anasema alikaa siku chache tu akabandikiwa kibao, na yeye amekaa hapa maisha yake yote na bati linavuja.

Bibi huyu, mzaa mama, anakula pweza kama wewe unavyokula chipsi. Siku za bamvua, mwezi ukiwa mchanga au mpevu, maji ya huku yanakimbia haswa. Yanashuka zaidi ya mita tatu, na ikifika kama saa nne asubuhi unatembea kwa miguu mahali ambapo alasiri ngalawa zinapita. Wanawake wa mtaa wanashuka na ndoo na vyuma vyenye ncha. Nami nikashuka nyuma ya bibi, nimevaa kandambili, mtoto wa Morogoro. Hatua ya kumi tope likachukua moja.

Aliyeniokotea ni Sele. Alimaliza kidato cha nne mwaka juzi, anavua na babu yake. Hakusema neno la kunichekesha wala la kujionyesha. Alivua yeboyebo zake akanipa, yeye akaendelea peku juu ya mwamba.

Kisha akanionyesha tundu ambalo ningepita juu yake bila kuliona. Nje kulikuwa na magamba ya kaa na makombe yaliyovunjwa, mapya, bado yanang'aa. Akasema, "Huyu amekula asubuhi hii. Pweza hajui kufagia mlango wake." Halafu, Rehema, akanipa chuma. Unawajua wavulana tuliosoma nao, yeyote kati yao angemtoa yule pweza mwenyewe ili aonekane. Huyu alichuchumaa pembeni akasubiri. Nikachokonoa, nikarushiwa wino hadi usoni, nikakosa, nikaanza upya, wanawake wameshatutangulia mbali, naye amechuchumaa tu. Nilipomtoa, mkono wangu mzima umenatwa, nikapiga kelele mpaka bibi akageuka. Kama unataka kujua ni lini, basi ni hapo. Si macho, si meno, na wala si mzuri kama dada yako alivyokusimulia.

Tukawa tunaonana mwambani. Yeye ndiye aliyenifundisha kwamba kila siku maji yanachelewa kwa dakika hamsini hivi, kwa hiyo miadi yetu haikuhitaji saa. Leo saa nne, kesho karibu saa tano, keshokutwa inaelekea saa sita na jua la kaskazi linakuchoma utosi. Halafu yanaingia maji mafu, mwamba haufunuki vizuri, na mimi sina kisingizio cha kushuka pwani. Hizo siku za maji mafu ni ndefu, shoga yangu. Nilikuwa natoka nje usiku kuutazama mwezi umebakiza nini, bibi anauliza naumwa tumbo.

Usisubiri mengine, hakuna. Tulishikana mkono kwenye kivuko cha kwenda Msangamkuu, tena tukiwa tumezungukwa na watoto wa mama mkubwa niliopewa kama walinzi. Mdogo wao aliuliza kwa sauti kama nimeumia mkono. Kivuko kizima kikageuka. Sele akajibu, "Ndiyo, umeteguka," na hakuuachia hadi tumefika ng'ambo. Huko tulikula mihogo ya kukaanga, watoto wakaoga, tukarudi. Nilikuwa na furaha ambayo sikujua niiweke wapi.

Mji mzima ulijua, bila shaka. Wazee wa barazani walikuwa wakikohoa nikipita. Vijana wa bodaboda walinipa jina, "Mgeni wa Bamvua". Nilichokuwa nashangaa ni bibi. Bibi aliyenikataza kwenda dukani baada ya magharibi hakunikataza pwani. Tena asubuhi za bamvua ananiamsha yeye.

Siku moja tunapandisha kutoka pwani, tukamkuta Sele ameegemea ukuta. Bibi akasimama, mkono kiunoni: "We mume wangu, mbona siku hizi huji kunisalimia? Umepata mke mdogo, mimi mkongwe umenitupa?" Sele akacheka huku anatazama chini. Mimi nikasimama pale na ndoo yangu. Rehema, wewe unajua. Bibi hamwiti mume wangu mtoto wa mtu baki. Huo ni utani wa bibi na mjukuu.

Nilimbana usiku. Kumbe babu yake Sele na bibi yangu ni ndugu, baba mmoja mama mbali. Walikuwa hawasemezani. Baba yao aliwaachia shamba la mikorosho upande wa Naliendele, kaka mtu akalisimamia, korosho zikawa zinapelekwa chama cha msingi kwa jina lake yeye, malipo yanaingia kwake yeye. Bibi alivumilia. Mwaka ule bei ya mnadani ilipovuka shilingi 4,000 kwa kilo na yeye hakuonjeshwa hata ya chumvi, ndipo salamu zikakatika. Wamezika ndugu zao wakiwa wamesimama pande mbili za kaburi. Mimi nilikuwa mdogo, niko Morogoro, nitajuaje?

Na kwa hesabu za huku, mimi na Sele ni mabinamu wa upande unaoruhusiwa, mtoto wa mjombani na mtoto wa shangazini. Hapo mama mkubwa akaingia. Ilikuwa kama mtu amemwashia taa. Kumbe jambo lenyewe rahisi! Watoto wanapendana, damu moja, waoane, mikorosho irudi pamoja, posa iletwe baada ya Idi. Alinipangia mpaka kitenge. Kule upande wa pili nao hawakulala, babu yake Sele alikwenda kuulizia bei ya kitanda.

Nilikasirika, na ilinichukua muda kujua kwa nini. Wangenikataza ningejua la kufanya, ningelia, ningekwambia, tungewasema. Lakini walimpenda kunizidi. Kile kitu changu kidogo cha mwambani, ambacho hata wewe sikuwa nimekwambia, kikachukuliwa kikawa kamba ya kufungia ugomvi ulioanza nikiwa mtoto.

Nikamwambia mama mkubwa habari za Rebeca Gyumi, zile tulizozisoma, kwamba alikwenda mahakamani kuipinga Sheria ya Ndoa ya 1971, Mahakama Kuu ikasema mwaka 2016 kwamba vifungu vinavyoruhusu msichana kuolewa kabla ya miaka 18 vinakwenda kinyume na Katiba, na Mahakama ya Rufani ikaliunga mkono hilo 2019. Mama mkubwa akauliza huyo Rebeca ni mtoto wa nani. Nikamwambia na anayemuoa mwanafunzi anafungwa miaka 30. Akanijibu kwa upole kabisa, "Mwanafunzi gani? Wewe si umemaliza?" Nikakosa la kusema, maana matokeo yalikuwa bado.

Sasa kuna sehemu ambayo dada yako hawezi kuwa nayo, kwa hiyo ifiche. Nilimfuata Sele nikitegemea tutakasirika pamoja. Alikuwa anapaka mafuta mbao za ngalawa. Nikamweleza yote. Akanyamaza, halafu akasema, "Si wangesubiri tu miaka miwili?" Nikamtazama. Alikuwa amefurahi, Rehema. Hakuwa na ubaya wowote, alikuwa amefurahi tu, kitu kizuri kimemjia mlangoni bila kukikimbilia. Nami nilihisi baridi katika jua lile.

Nikamwambia nampenda. Ndiyo, mimi ndiye niliyetangulia kusema, mkono unanitetemeka. Nikamwambia lakini hilo la kuolewa sitaki kulijua kwa kuambiwa na mama mkubwa, wala babu, wala yeye. Nikijua nitajua mwenyewe, na sasa hivi ninachojua ni kwamba nataka kidato cha tano. Aliendelea kupaka mbao mahali pale pale palipokwisha kulowa. Mwisho akasema, "Na kikapu cha bibi atabeba nani?" Nikacheka na machozi yakatoka, ikawa fujo, nikaondoka bila kuaga.

Bibi hakuniuliza kitu. Usiku huo alikuwa anabangua korosho, mimi namwangalia vidole vilivyoungua zamani kwa mafuta ya maganda. Akaniambia, "Mimi walinitoa kwa minazi." Nikadhani sijasikia. Akaendelea kubangua. "Baba yangu na baba yake marehemu babu yako waligombea mpaka wa minazi, wakamaliza kwa kunitoa mimi. Babu yako alikuwa mtu mwema. Minazi yenyewe ilikuja kukauka." Akanipa korosho nzima, zile zilizovunjika akala yeye.

Asubuhi yake alijitanda kanga mpya, akachukua pweza mkavu mkubwa kuliko wote akamfunga kwenye mfuko, akatoka peke yake. Alikwenda kwa kaka yake. Mama mkubwa alibaki amesimama na mwiko. Bibi alirudi jioni hana sauti, kwa vile walivyogombana, lakini amerudi amekula huko na ameahidiwa kwenda kuhesabiwa miti. Wiki iliyofuata yule mzee alikuja hapa kwetu, wakagombana tena, akala, akaondoka. Sasa hivi ndiyo mtindo wao. Mimi nawapikia chai. Jambo la mikorosho wanalizungumza wenyewe, kwa majina ya miti, na hakuna anayenitaja.

Matokeo yametoka katikati ya fujo hizo. Daraja la pili, shoga! Nilimwonyesha mama mkubwa kwenye simu yake mwenyewe. Akaisoma kwa sauti, kama anavyosoma za wengine, kisha akaenda kuwasomea majirani. Kitenge kile kaniambia nitakwenda nacho bweni.

Sele yupo. Anataka kuomba nafasi chuo cha uvuvi hapa hapa Mikindani, ile kampasi ya Wakala wa Elimu na Mafunzo ya Uvuvi, na mimi ndiye ninayemsaidia kuandika barua ya maombi, maana mwandiko wake hausomeki. Tunakaa barazani kwa bibi, mlango wazi, wazee wanakohoa. Kuna siku tunacheka sana na kuna siku ananuna kidogo, nami namwacha anune. Sijui itakuwaje nikiondoka mwezi wa saba. Bamvua ijayo tumekubaliana kushuka, na safari hii nimenunua yeboyebo zangu.

Sasa na wewe usinifiche, umepata ngapi? Na tahasusi umebaki na ile ile au umebadilisha? Mimi nilikuwa nimeweka HGL, ile ya historia, jiografia na Kiingereza, lakini ninafikiria CBG, ya kemia, biolojia na jiografia, na usiniulize nimeanza lini kupenda viumbe wa baharini. Kama shule zetu zitafuatana nitafurahi, hata kama ni za baridi. Nijibu kwa mkono wa huyu huyu kijana, anarudi baada ya wiki mbili, na umpe na picha yetu ya mahafali kwa sababu bibi hataki kuamini kwamba nilivaa joho.

Wako akupendaye,
Zainabu

N.B. Dada yako akikuuliza, mwambie mchumba wangu ni mzee, ana ngalawa tatu, na tayari ana mke mkubwa anayeitwa bibi.