Barua kwa wajukuu zangu mnaotafuta wachumba kwa matangazo

Wajukuu zangu wa Ngamiani, Makorora na Chumbageni, salaam aleikum.

Nimesomewa matangazo yenu kwenye simu, nikacheka mpaka kikohozi kikanishika. Wote warefu, wote wapole, wote wacha Mungu wenye kazi zao. Basi hawa wafupi wenye madeni ninaokaa nao barazani kila jioni ni wageni wa nani?

Lakini sina uso wa kuwacheka sana. Mwaka 1986 nilipeleka tangazo gazetini: "Kijana mvuvi wa Tanga, miaka 27, natafuta mchumba." Anwani niliazima sanduku la posta la mwalimu jirani. Gazeti likatoka: "Kijana mvivu wa Tanga." Herufi mbili tu zimebadilishana viti! Pale Deep Sea, pwani yetu wavuvi, mwaka mzima sikuitwa jina langu. Nikivuta nyavu, utasikia, "Leo Mvivu kaamka."

Barua zilikuja tatu, na mwalimu alishazisoma zote kabla yangu. Ya kwanza ilinihimiza nitubu. Ya pili ilitaka nauli. Ya tatu ilitoka Muheza: "Wanaume wavivu nimewaona wengi, aliyekiri ni wewe peke yako. Kwetu tuna michungwa. Kuchuma unaweza?"

Tukapatana tuonane Bustani ya Jamhuri. Nikamwandikia anitambue kwa kanzu nyeupe na kofia. Siku yenyewe Ijumaa, watu wametoka kuswali! Alisalimia wanaume wanne kabla ya kunifikia, na wa nne mpaka leo anadai nilimpokonya riziki.

Kwa hiyo andikeni na kasoro zenu. Unakoroma? Sema. Una mtoto Korogwe? Sema mapema, maana shangazi zako watasema kwa niaba yako siku ya posa. Na picha iwe ya mwaka huu, tafadhali.

Nauli je? Kijana mmoja hapa mtaani alimtumia mchumba wa Mbeya, na ya kutolea juu. Mara gari limeharibika Chalinze, tuma tena. Mara amekwama Segera, tuma tena. Segera hapo! Siku tatu nzima mtu amekwama Segera, na mabasi yanapita kutwa. Tulipomwambia aende akamchukue kwa bodaboda, simu ikazimwa.

Niishie hapa. Bibi yenu wa Muheza amesimama nyuma ya kiti changu anasoma, na anasema gazeti lile halikukosea kitu.

Babu yenu,
Mvuvi mstaafu, Tanga