Mhariri, Forman hakuanzia Marekani

Ndugu mhariri, naomba kanafasi kidogo. Ile makala yenu ya ukurasa wa burudani kuhusu Miloš Forman nimeisoma mara mbili, tamu kweli, ila mmemuita "mwongozaji wa Marekani" halafu mkaanza hesabu na muvi ya 1975, One Flew Over the Cuckoo's Nest, ile iliyobeba Oscar 5. Sawa, uraia wa Marekani alichukua 1977, sibishi. Lakini mtu kazaliwa 1932, sasa hiyo miaka arobaini na kitu alikuwa wapi jamani?

Mingi ya hiyo alikuwa kwao Chekoslovakia. Kazaliwa Čáslav, wazazi waliomlea wote wawili wakafia kwenye kambi za Wanazi, mama yake Auschwitz, akakua mikononi mwa ndugu na marafiki wa familia mpaka akaingia FAMU, chuo cha filamu cha Prague, na alichosomea pale ni kuandika skripti, sio kushika kamera.

Halafu mmeiruka filamu yake ya Hoří, má panenko ya 1967, ile Kiingereza wanaita The Firemen's Ball, hiyo ndo imenifanya nishike simu niandike. Yeye na wenzake Ivan Passer na Jaroslav Papoušek walienda mji wa milimani unaitwa Vrchlabí kuandika kitu kingine kabisa, kikawagomea, jioni moja wakaingia kwenye dansi la zimamoto wa kujitolea wa pale na kesho yake hawana stori nyingine. Wakaandika hiyo, na wengi mnaowaona mle ndani ni zimamoto wenyewe wa Vrchlabí, sio waigizaji. Kamati inaandaa bahati nasibu, zawadi zinaibiwa moja moja mezani, mwisho wanazima taa ili wezi warudishe kwa siri, taa zinawaka, anayekutwa mezani ni mwanakamati mwenyewe anarudisha nyama ya kichwa cha nguruwe aliyoiba mkewe! Yani aibu ni ya yule aliyerudisha, walioiba wametulia tu. Na kuna mzee nyumba yake inaungua usiku kwenye theluji, wanamkalisha kwenye kiti, mtu anasema atasikia baridi, basi wanamsogeza karibu na moto wa nyumba yake mwenyewe. Nilicheka halafu nikanyamaza.

Wakubwa wa chama cha Kikomunisti kilichotawala kule hawakucheka, waliona ni wao wanasemwa. Vifaru vya Urusi na wenzake vilipoivamia Chekoslovakia Agosti 1968 Forman alikuwa Paris, na hiyo sinema ikafungiwa kwao.

Tena hata hiyo Cuckoo's Nest ya 1975 ilianzia Prague. Miaka ya 60 Kirk Douglas, staa wa sinema wa Marekani, alipita pale, wakakutana, akaahidi kumtumia kitabu cha hiyo stori aone kama kinafaa kuwa filamu. Akatuma kweli, kifurushi kikaishia mikononi mwa wakaguzi wa serikali, Forman hakukiona, akabaki anasema huyu staa kanidanganya, na Douglas naye huko anasema huyu kijana hata asante hana. Miaka kama kumi baadae ni mtoto wa Douglas, Michael, ndo anamletea kazi ya kitabu kilekile, hajui kama baba yake alishajaribu.

Msomaji wenu wa kila Jumapili,
Morogoro