Barua ya nyumbani kutoka Tromsø, kipindi jua halitoki

Shikamoo mama, shikamoo shangazi, na wewe mdogo wangu mambo vipi. Mimi mzima alhamdulillah, kazi ipo, afya ipo, baridi ndo usiseme. Picha ya machungwa mliyotuma kwenye grupu nimeizoom mpaka nikahisi harufu ya Muheza.

Barua ni ya wote ila zaidi namjibu mdogo wangu. Ile voisi yako nimeisikiliza mpaka mwisho nikairudia. Umesema umechoka kuambiwa uwe na mtazamo chanya, kwamba hayo ni maneno ya watu ambao mshahara wao unaingia kila mwezi, wewe umesomea ualimu wa hesabu cheti kiko kabatini, ajira zinatangazwa jina halimo, alafu mtu anakutumia picha ya ua imeandikwa tabasamu kesho ni njema. Kwakweli sikupingi. Mtu ana shida zake ukimwambia atabasamu ni kama umemwambia anyamaze. Kwahiyo sikwambii utabasamu, nataka nikusimulie watu wa huku wanavyoishi na giza lao maana naona kuna kitu wamekijua na mimi kinanisaidia.

Tromsø iko juu kabisa kaskazini mwa Norway, kama kilomita 350 ukishavuka mstari wa Aktiki. Kuanzia mwisho wa Novemba mpaka katikati ya Januari jua halichomozi, yaani sio mawingu, halipo kabisa, na kwa vile mji umezungukwa na milima tunakuja kuliona tena kwenye tarehe 21 Januari hivi. Saa sita mchana anga linakuwa la bluu na wekundu kidogo kwa mbali, masaa machache tu giza limerudi. (Mama uliuliza nasali vipi, nafuata ratiba ya Makka, usiwe na wasiwasi.)

Sasa mtu ungetegemea ukute watu wamenuna mji mzima. Kuna mtafiti Mmarekani anaitwa Kari Leibowitz alikuja hapa 2014 na swali hilohilo, mbona hawa watu hawazami kwenye huzuni kama tunavyodhani, akashirikiana na profesa mmoja wa chuo kikuu cha hapa wakawahoji watu wanauonaje msimu wa baridi. Wale wanaoona huo msimu una mazuri yake ndo walikuwa wameridhika zaidi na maisha, na kilichonishangaza mimi ni kwamba watu wa huku juu kwenye giza waliuona vizuri kuliko watu wa Oslo, mji mkuu wao huko kusini, ambako jua linatoka kila siku. Usinielewe vibaya, hakuna aliyesema ukiwaza vizuri shida zinaisha. Wapo ambao giza linawaangusha kweli, hawalali, hawali, hao wanaenda kwa daktari wanatibiwa na hakuna anayewaambia wewe hujiamini au humshukuru Mungu. Hilo nalipenda sana na natamani na sisi nyumbani tulishike, maana kwetu mtu akiwa na sonona tunamwambia ajikaze tu.

Ila ninachokiona kwa macho yangu ni kwamba huo mtazamo wao unaanzia mikononi. Giza halijafika wameshajiandaa. Madirishani wanaweka kinara cha taa saba na nyota za karatasi zinazowaka, unapita barabarani saa tisa mchana ni giza totoro lakini kila nyumba inakuangalia na mwanga. Asubuhi wanakunywa kijiko cha mafuta ya ini la samaki kwa ajili ya vitamini D maana ngozi haipati jua. Kwenye koti wananing'iniza kitu kinachong'aa ili dereva akuone, chini ya viatu wanafunga vyuma vya kushika barafu. Njia za kutelezea kwenye theluji na ski (zile mbao ndefu za kufunga miguuni) zina taa, mtu anatoka kazini anaenda kuteleza. Watoto wa chekechea wanavalishwa mpaka yanabaki macho, wanacheza kwenye theluji. Na hakuna anayejidanganya kwamba giza sio giza! Wanalalamika kama watu wengine, kisha wanavaa wanatoka. Alafu kuna ule mwanga wa asili wa kijani unaocheza angani, zile taa wanazoziita aurora, zile kiangazi huwezi kuziona kabisa kwa sababu jua linakaa juu usiku na mchana tangu Mei mpaka Julai, ni giza hilihili ndo linazionyesha.

Kazini kwetu kwenye nyumba ya wazee kuna bibi mmoja, jina siwezi kutaja kazi hairuhusu, amezaliwa Hammerfest huko juu zaidi. Mwaka 1944, kwenye vita vya pili vya dunia, Wajerumani walipokuwa wanarudi nyuma walichoma sehemu kubwa ya Finnmark, ndo mkoa wa huko, watu wakahamishwa kwa nguvu, Hammerfest ikateketea likabaki kanisa dogo la makaburini. Yeye alikuwa mtoto. Ananisimulia walivyopandishwa kwenye boti na mama yake hajui wanapelekwa wapi, na akisimulia analia, hafichi, wala hasemi yameshapita. Akimaliza ananiambia nimsogeze dirishani nimpe kahawa tuangalie anga limekuwaje leo. Kila siku anataka kujua. Mimi namkumbuka mama baada ya baba kufariki, macho yamevimba lakini alfajiri ufagio unasikika uwanjani na chai iko jikoni, akituambia nawa uso uende shule. Mama sijawahi kukwambia ila huo ufagio ulinishika mkono kuliko maneno yote ya pole tuliyopewa.

Sasa mdogo wangu. Wewe uko kwenye msimu wako ambao hukuuchagua na sijui utaisha lini. Swali langu ni hili, ni kitu gani unaweza kufanya sasaivi ambacho ukishapata ajira hutaweza tena? Ukipangiwa Katavi au Kigoma hutamuona mama kila siku, hutakuwa na jioni zako. Hapo mtaani kuna watoto wa kidato cha pili wana mtihani wa taifa na hesabu inawatesa, wewe hesabu unaijua mpaka ulikuwa unanifundisha mimi mkubwa wako. Baraza la mama jioni liko wazi. Nimeshaongea na mama amekubali, atatoa na yale mabenchi ya nyuma. Nimetuma hela kidogo kwenye simu ya shangazi, nunua plaiwudi na rangi nyeusi na boksi la chaki, anza hata na watoto watatu, mwenye hela alipe asiye nayo alete hata machungwa. Haitakuondolea hasira ya kukosa ajira na sitaki uiache, endelea kuomba kila tangazo likitoka, barua za maombi nitumie nikusaidie kuzisoma. Na kama usiku hulali kama ulivyosema kwenye ile voisi, naomba uende hospitali ukaongee na daktari, usikae nalo peke yako, shangazi atakusindikiza bila kuuliza maswali.

Jumapili nipo ofu nitapiga video kolu saa mbili usiku ya huko, nionyesheni ubao kama umekauka. Shangazi ile dawa ya presha usiruke siku. Mama nisalimie majirani wote, na mwambie mjomba koti alilonipa bado nalivaa ndani ya lile kubwa.

Wenu anayewapenda.