Barua ya wazi kwa Waziri wa Afya: damu ya mzazi ipimwe, isikadiriwe kwa macho

Mheshimiwa Waziri,

Ninakuandikia nikiwa mkunga, kuhusu saa ya kwanza baada ya mtoto kuzaliwa, saa ambayo jamaa walioko nje hushangilia ilhali ndani mama anaweza kuwa anavuja damu bila mtu kutambua ni kiasi gani.

Tumezoea kukadiria damu kwa kutazama shuka na pamba, na macho, hata ya mkunga mzoefu, huona pungufu ya kilichopotea. Mama aliyekuwa na afya njema huweza kuendelea kuzungumza huku mapigo ya moyo yakienda mbio, kisha shinikizo la damu likashuka ghafla. Niliwahi kusimama kando ya kitanda cha namna hiyo tukimsubiri daktari aidhinishe dawa iliyokuwa kabatini, na dakika zile sijazisahau.

Lipo shuka la plastiki lenye mfuko uliowekwa alama za mililita, ambalo hutandikwa chini ya mama mara tu mtoto anapozaliwa. Utafiti uliochapishwa mwaka 2023, uliofanyika katika hospitali 80 za Kenya, Nigeria, Afrika Kusini na Tanzania, ulionyesha kwamba damu ilipopimwa hivyo, na matibabu yote yakatolewa kwa pamoja, yaani kukanda mfuko wa uzazi, oksitosini (dawa ya kuufanya mfuko huo ukaze), asidi ya traneksamiki (dawa ya kusaidia damu iache kuvuja), dripu na kutafuta chanzo cha damu, madhara makubwa ya kuvuja damu yalipungua kwa asilimia 60. Neno la kuzingatia hapo ni “kwa pamoja”, kwa sababu desturi yetu ya kujaribu dawa moja, kungoja ishindwe, ndipo tujaribu nyingine, ndiyo inayotupotezea akina mama.

Kwa hiyo ninaomba utoe waraka unaomruhusu mkunga aliye zamu kuanza matibabu hayo mara damu inapofika mililita 500, au mapema zaidi iwapo hali ya mama inabadilika, bila kusubiri saini ya mtu yeyote. Asidi ya traneksamiki inapaswa kutolewa ndani ya saa 3 baada ya kujifungua, na kila robo saa inayopita huipunguzia nguvu. Oksitosini nayo huharibika kwa joto; kituo kisicho na jokofu linalofanya kazi kina chupa tu, hakina dawa.

Ruhusa hiyo imhusu pia mjamzito mwenye shinikizo la damu lililopanda hadi 160/110, maumivu makali ya kichwa na kuona maluweluwe, ili apewe dozi ya kwanza ya magnesiamu salfeti, dawa ya kuzuia degedege, kabla ya safari ya rufaa, kwa kuwa kifafa cha mimba kinaweza kumkuta njiani.

Mafunzo tutayapokea kwa moyo mmoja, na mazoezi ya kila mwezi tuko tayari kuyasimamia wenyewe wodini. Kilichobaki ni waraka wako na mashuka hayo.

Wako mtiifu,
Mkunga wa wodi ya wazazi